Huyu Tom Tykwer ni dairekta, produza au mtu wa muziki? Kofia za watu wa filamu, taratibu mpaka tuelewane

Juzi nipo kwa kinyozi nasubiri zamu, tivii ya ukutani ilikuwa inamalizia Nairobi Half Life, ile muvi ya 2012 ya Mwas, kijana anaetoka kijijini kwenda Nairobi na ndoto zake za kuigiza alafu anajikuta kwenye genge la wezi wa vipuri vya magari. Majina yakaanza kupanda. Jamaa aliekuwa kwenye kiti, nusu kichwa kimenyolewa nusu bado, akadaka jina moja akauliza, "We, huyu Tom Tykwer kafuata nini kwenye muvi ya Wakenya?" Hapo ndo pakawaka. Wa kwanza anasema huyo ndo dairekta. Wa pili anasema acha uongo, dairekta ni Mkenya, huyo mzungu ndo mwenye hela. Dogo mmoja wa pembeni, wale wanaoshinda na hedifoni shingoni, akasema nyie wote hamjui kitu, huyo ni mtu wa muziki, kapiga muziki wa Matrix ile ya mwisho. Kinyozi akazima mashine kabisa asikie vizuri.

Kilichonichekesha ni kwamba kila mmoja alikuwa kashika kipande cha ukweli. Dairekta wa Nairobi Half Life ni Mkenya, David Gitonga, wanamuita Tosh. Tykwer, Mjerumani aliezaliwa Wuppertal mwaka 1965, kwenye kazi ile ni mmoja wa maproduza na pia ndo alikuwa msimamizi wa dairekta, kama fundi mkongwe anaemwachia fundi kijana nyumba yake ya kwanza huku kakaa pembeni anaangalia. Na muziki wa The Matrix Resurrections ya 2021 kweli katunga yeye na mwenzake Johnny Klimek. Sasa mtu mmoja anakuwaje vyote hivo? Na kwanini kila ukisoma habari zake wanamuita mtu wa filamu huru, filamu za kujitegemea, wakati kashawahi kushika muvi ya zaidi ya dola milioni 100? Mimi mwenyewe hilo swali limenisumbua miaka, ngoja tulichambue taratibu.

Tuanze na maneno, maana ugomvi wa kwa kinyozi nusu yake ulikuwa ni maneno tu

Neno linalotuvuruga kuliko yote ni produza. Huku kwetu ukisema produza mtu anawaza studio, kina P-Funk Majani, jamaa kakaa nyuma ya mashine anagonga biti. Kwenye filamu produza ni mtu mwingine kabisa. Chukua harusi. Kuna mwenyekiti wa kamati, ndie anaezungusha kadi za michango, anapiga simu usiku kuwakumbusha walioahidi, anakodi ukumbi, anamlipa mpishi, mvua ikinyesha yeye ndo anatafuta turubai. Huyo ndo produza. Biti hajagonga, kamera hajashika, lakini asipokuwepo hakuna shughuli.

Dairekta ni mpishi mkuu. Hela sio yake, sufuria sio zake, lakini pilau ikizidi chumvi hakuna anaemuuliza mwenyekiti. Yeye ndo anaamua muigizaji asimame wapi, alie au anyamaze, kamera ikae karibu au mbali. Mwandishi wa skripti ndie aliesema tangu mwanzo leo tunapika pilau sio ugali. Kameraman mkuu anashughulika na picha na mwanga. Edita ni yule mama anaechambua mchele kwenye ungo, anatoa mawe, na akiacha hata moja utalisikia kwenye jino. Mtunzi wa muziki ni iliki, huioni kwenye sahani ila isipokuwepo unajua kuna kitu kimepungua. Alafu kuna msambazaji, yule anaehakikisha sahani zinafika mpaka kwenye meza za nyuma, na huyu watu wanamsahau kila siku wakati ndie anaeua filamu nyingi, maana pilau tamu lililobaki jikoni hata mgeni mmoja hajalionja.

Kwahiyo "kofia nyingi" maana yake ni mtu mmoja kushika nafasi zaidi ya moja kati ya hizo. Huku Bongo tumezoea, unaangalia majina mwanzoni: hadithi fulani, dairekta fulani, produza fulani, stering fulani, na wimbo wa mwisho kaimba fulani huyohuyo. Tunacheka tunasema anapenda sifa. Wakati mwingine kweli ni sifa, ila mara nyingi ni kwamba hela ya kumlipa mtu wa pili haipo. Naziita kofia za kulazimika. Kuna kofia za aina nyingine, za kuchagua, ambapo hela ya kuajiri watu ipo na mtu bado anang'ang'ania nafasi fulani kwa sababu anazozijua mwenyewe. Ukifuatilia maisha ya Tykwer unamuona akitoka kwenye aina ya kwanza akiingia ya pili, na ndo maana nikamchagua yeye.

Huru ni nini, na kwanini haimaanishi maskini

Hapa ndo penye upotoshaji mkubwa. Mtu akisikia filamu huru anawaza kamera ya kuazima, waigizaji ni binamu zake, wali maharage kwenye seti. Inaweza kuwa hivo lakini sio maana yake.

Waza daladala. Dereva wa gari ya tajiri kila jioni ana hesabu ya kupeleka. Akitaka kubadili ruti, kupaka rangi, kuweka spika kubwa, lazima amuulize tajiri, na tajiri akiamka vibaya gari anapewa dereva mwingine asubuhi hiyohiyo. Studio kubwa za Marekani ndo matajiri wa daladala. Zinatoa hela zote, zinamiliki filamu, na mara nyingi zina neno la mwisho kwenye uhariri, wanaweza kukata sehemu ulioipenda na huna la kufanya. Sasa dereva mwingine kachangishana na wenzake wakanunua gari yao. Inaweza kuwa haisi iliyochoka, inaweza kuwa basi la kwenda Mwanza lina kiyoyozi na soketi za kuchajia. Ukubwa wa gari sio hoja, hoja ni kadi ya gari ina jina la nani. Filamu huru ni hiyo ya pili.

Wajerumani hili wana historia nalo ndefu. Mwaka 1962 vijana 26 wa filamu walitoa tamko kwenye tamasha la Oberhausen wakisema sinema ya zamani imekufa na wanaamini sinema mpya. Baada ya hapo likaja kundi la watu waliokuwa wanajishikia kila kitu. Werner Herzog alikuwa anachomelea vyuma kiwandani usiku ili apate hela ya filamu zake za mwanzo. Rainer Werner Fassbinder, aliekufa 1982 akiwa na miaka 37 tu na kaacha kazi zaidi ya 40, alikuwa anaandika, anaongoza, anaigiza, na kwenye uhariri akajipa jina la bandia Franz Walsch, nadhani hata yeye alichoka kuona jina lake. Wao wana neno Autorenfilm, yaani filamu yenye mwenyewe, kama kitabu kilivyo na mwandishi. Tykwer kakulia kwenye hewa hiyo.

Dogo wa mashine ya sinema

Wuppertal ni mji una treni inayoning'inia, mabehewa yanapita hewani juu ya mto yakiwa yameshikwa na reli kwa juu. Tykwer alianza kuchezea kamera ndogo ya super 8 akiwa na miaka 11, alipokua kidogo akapata kazi kwenye jumba la sinema la mtaani, kazi ambayo ilimruhusu kuangalia muvi ambazo kwa umri wake mlangoni asingepita. Akaomba vyuo vya filamu, kadhaa, Ulaya. Vyote vikamkataa.

Basi akaenda Berlin kushika mashine ya kuonyeshea filamu, na akiwa na miaka 22 akawa mpanga ratiba wa Moviemento, jumba la sinema la Kreuzberg lililokuwepo tangu 1907. Watu wanaruka hiki kipande haraka kwenye habari zake na mimi naona ndo penyewe. Mpanga ratiba kila wiki anaamua watu waangalie nini, alafu anaona kwa macho yake ukumbi umejaa au kuna watu wanne na mmoja kalala. Mwanafunzi wa chuo anajifunza kamera kwanza, watazamaji anakuja kukutana nao mwishoni. Huyu alianza na watazamaji.

Dairekta Rosa von Praunheim ndie aliemshauri aache kutafuta mbali, aandike vitu anavyovijua mwenyewe. Tykwer akaenda akarekodi ugomvi wake na mpenzi wake wa wakati ule (sijui dada alijisikiaje) akaufanya filamu fupi, ikaonyeshwa kwenye tamasha la Hof mwaka 1990. Filamu fupi ya pili, Epilog, ilimuacha na madeni binafsi. Mwaka 1993 ikaja filamu ndefu ya kwanza, Die tödliche Maria: kaongoza, kashiriki kuandika, na muziki kashiriki kutunga. Hizo bado ni kofia za kulazimika, usidanganyike. Kijana asie na chuo wala jina, nani atamtungia muziki kwa ahadi?

Mwaka uliofuata, 1994, ndo akafanya kitu ambacho kwangu ni kikubwa kuliko filamu yoyote aliyoitengeneza. Yeye na madairekta wengine wawili, Wolfgang Becker na Dani Levy, pamoja na produza Stefan Arndt, wakaanzisha kampuni inaitwa X Filme Creative Pool. Madereva watatu na mtu mmoja anaejua mahesabu wamenunua gari. Angalia hiyo hesabu, watatu kwa mmoja. Hawakuwa wasanii wanne waliokaa kulalamika kwamba produza anawaibia, walimuweka produza ndani ya nyumba akala nao sahani moja.

Faida ya mpango huo ni kwamba mzigo unagawanyika. Winterschläfer ya Tykwer ya 1997 ilisifiwa ila kampuni ilikuwa inayumba kifedha. Baadae mwaka 2003 Becker akatoa Good Bye, Lenin!, Ujerumani peke yake wakaingia ukumbini zaidi ya watu milioni 6. Leo mimi nimekwama kesho wewe umepata, ni kama kikoba tu, isipokuwa wanacheza kwa mamilioni.

Lola anakimbia

Katikati hapo, 1998, ndo ikatoka Lola rennt, wengi wanaijua kama Run Lola Run. Hadithi yake unaweza kuielezea kwenye kituo cha basi kabla basi halijafika. Manni kapoteza mark 100,000 za majambazi, hiyo ni pesa ya Ujerumani kabla ya euro, anampigia simu demu wake Lola, ana dakika 20 azipate la sivyo anaenda kuvamia supamaketi. Lola anakimbia. Inaisha vibaya, inaanza upya, anakimbia tena, inaisha vibaya kivingine, inaanza tena mara ya tatu. Tofauti ya sekunde chache tu, kajikwaa au hajajikwaa kwenye ngazi, inabadili maisha ya kila mtu anaepishana nae njiani. Dakika 80 umemaliza.

Sasa tuangalie zile kofia zinafanya kazi vipi kwenye hiyo filamu. Skripti yake. Dairekta yeye. Muziki, tekno ile inayokwenda kama moyo wa mtu anaefukuzwa na mbwa, katunga yeye na Johnny Klimek na Reinhold Heil, na sauti ya kike unayoisikia ni ya Franka Potente mwenyewe anaeigiza Lola. Lola anatupa mkonga wa simu nyekundu, unazunguka hewani, unarudi mahali pake, biti inashika, nywele nyekundu zinapita mlangoni. Umeshawahi kuwa kwenye sherehe MC na DJ ni mtu mmoja? Hakuna kupeana ishara wala kusubiriana, mdomo ukifunga ngoma inaingia palepale. Ndo hicho kinachotokea, kwasababu aliyeandika "Lola anakimbia" kwenye karatasi alishajua moyoni kasi ya mbio ni ipi.

Lakini jamani, tusiende mbali sana. Kamera alishika Frank Griebe, ambae ndo kameraman wake wa miaka mingi. Uhariri, ambao kwenye filamu hii ni karibu nusu ya utamu wote, kafanya Mathilde Bonnefoy. Produza ni Stefan Arndt. Kwahiyo lile wazo kwamba mtu wa kofia nyingi anafanya kila kitu peke yake kama mchawi sio kweli kwa huyu bwana. Kofia anazozishika mara nyingi ni zilezile: kuandika au kushiriki kuandika, kuongoza, kutunga muziki, na hisa kwenye gari. Zingine anawaachia watu, na watu hao habadilishi hovyo. Mimi nadhani siri iko hapo zaidi kuliko kwenye kipaji. Kuna mtu hapa mtaani anataka kushika kamera, ataigiza, ataedit usiku, na bado analalamika hana timu.

Muziki kabla ya picha

Hiki kitu nilipokijua mara ya kwanza nilikaa kimya kidogo. Kawaida ya filamu ni kwamba muziki unakuja mwisho. Mmeshapiga picha, mmeshahariri, edita kaweka muziki wa kuazima ili msikie inavyokwenda, ndo anaitwa mtunzi anaambiwa tuna wiki kadhaa, tupe kitu kinachofanana na hiki. Mtunzi anakuwa kama fundi cherehani alieletewa nguo iliyoshonwa tayari anaambiwa aikaze kiunoni.

Tykwer kageuza. Anatunga muziki wakati anaandika skripti, kwahiyo siku ya kupiga picha muziki upo tayari. Mwaka 2006 alifanya Das Parfum, hadithi ya kijana wa Ufaransa wa karne ya 18 mwenye pua isiyo ya kawaida anaeua wasichana ili apate harufu yao. Harufu utaionyeshaje kwenye sinema? Huwezi, mtazamaji hasikii kitu zaidi ya bisi za jirani yake. Walitegemea muziki ubebe kile ambacho picha haiwezi, na uliopiga ni Berlin Philharmonic chini ya Simon Rattle, hiyo ni okestra ambayo wanamuziki wa dunia nzima wanaiota.

Kwenye filamu hiyohiyo, kofia ya produza hakuivaa. Ilivaliwa na Bernd Eichinger, mmoja wa maproduza wakubwa kabisa ambao Ujerumani imewahi kuwa nao, nje ya X Filme. Nalisema hili kwasababu watu wanadhani ukishakuwa huru umeapa. Hapana. Dereva mwenye gari yake anaweza siku moja akaendesha ya mtu, akalipwa, akarudi kwenye yake.

Milioni 100 alafu bado huru, inakuwaje?

Turudi kwenye kitendawili. Cloud Atlas ya 2012 kaiongoza pamoja na kina Wachowski, wale walioleta Matrix. Hadithi sita za nyakati sita, kuanzia 1849 mpaka baadae sana huko mbele, waigizaji walewale kina Tom Hanks na Halle Berry wanabadilishwa sura. Walichofanya ni kugawana, kina Wachowski hadithi tatu, Tykwer tatu, vikosi viwili vinapiga picha kwa wakati mmoja. Wimbo wa okestra ambao kwenye hadithi ya 1936 unaandikwa na kijana mtunzi, katunga Tykwer na wale wenzake wawili wa siku zote. Bajeti zaidi ya dola milioni 100, na bado watu wakaiita moja ya filamu huru ghali zaidi kuwahi kutengenezwa.

Hapa rudi kwenye kamati ya harusi. Hakukuwa na tajiri mmoja aliesema mimi natoa yote. Hela ilitoka vipande vipande: wawekezaji, wasambazaji wa nchi mbalimbali waliolipia kabla hawajaona kitu, na mifuko ya filamu ya Ujerumani. Ni michango. Ukichangiwa na watu arobaini hakuna hata mmoja anaeweza kusimama ukumbini akasema zimeni muziki, mimi ndo nimelipa. Ila ukichangiwa na mjomba mmoja tajiri, ukumbi, keki, mpaka bibi harusi atataka kukuchagulia.

Hiyo mifuko ya Ujerumani nayo inahitaji maelezo, maana nimeshasikia watu wakisema "wenzetu serikali inawapa hela bure" na wengine wakisema "kama serikali inatoa hela basi wanatumwa". Yote mawili yamekaa upande. Kuna mfuko wa taifa zima, ofisi zake zipo Berlin, unaitwa FFA, hela yake haitoki moja kwa moja kwenye kodi, inatoka kwenye biashara yenyewe ya filamu: sehemu ndogo ya mauzo ya tiketi za sinema inaingia mle, na vituo vya televisheni na kampuni za video navyo vinachangia. Yaani ukienda kuangalia muvi ya Marekani mjini Munich umechangia muvi ijayo ya Mjerumani bila kujua. Kuna mfuko wa serikali kuu, DFFF, tangu 2007. Alafu kuna mifuko ya majimbo, kama wa Nordrhein-Westfalen ambako ndo kwao Tykwer, na wa Berlin-Brandenburg. Ya majimbo ina sharti moja la kibiashara kabisa, hela tunayokupa au zaidi ya hiyo itumike kwetu: hoteli zetu, mafundi wetu, mpishi wetu. Na mara nyingi ni mkopo nafuu, filamu ikiuza unarudisha, isipouza basi. Mwanasiasa hakai chumba cha uhariri kukuambia kata hapa.

Ubaya wake upo, nisijifanye hauoni. Filamu inageuka kuwa lori la mizigo, leo inapakia Berlin, kesho Düsseldorf, kwasababu kila mfuko unataka risiti za kwake. Na produza anamaliza mwaka mzima anajaza fomu. Ukiona majina mwanzoni mwa muvi ya Ulaya yanapita alama za mashirika kumi mpaka unachoka, hao ndo wachangiaji wa harusi, kila mmoja anataka kadi yake isomwe.

Televisheni nayo ni hivohivo. Babylon Berlin, tamthilia ya polisi wa Berlin ya miaka ya mwisho ya 1920, iliyoanza kuonyeshwa 2017, iliwaunganisha ARD ambacho ni kituo cha umma na Sky ambacho ni cha kulipia, vitu ambavyo kwa kawaida vinagombania watazamaji walewale. Mmoja akaonyesha kwanza, mwingine akaja baadae. Tykwer pale ni mmoja kati ya waandishi na madairekta watatu, na muziki kashika na Klimek.

Sasa Nairobi imeingiaje

Mke wake, Marie Steinmann, ndie alieanzisha shirika la One Fine Day mwaka 2008, linalofundisha watoto wa Kibera na Mathare sanaa, ngoma, uchoraji, sarakasi. Kutoka pale ikazaliwa filamu ya kwanza, Soul Boy, iliyopigwa Kibera, kaandika Billy Kahora, kaongoza Hawa Essuman. Baada ya hapo wakaweka mafunzo ya filamu Nairobi, wakishirikiana na DW Akademie na kampuni ya Kenya inaitwa Ginger Ink, wanakuja vijana kutoka nchi mbalimbali za Afrika, kila mtu na idara yake: kamera, sauti, mapambo ya seti, uhariri, uandishi. Baada ya darasa wanatengeneza filamu nzima. Nairobi Half Life ndo matunda yake, ikawa filamu ya kwanza ya Kenya kupelekwa kugombea Oscar ya filamu za nje, na Joseph Wairimu aliemuigiza Mwas akachukua muigizaji bora tamasha la Durban. Zikafuata Something Necessary ya Judy Kibinge, Veve ya Simon Mukali, Kati Kati ya Mbithi Masya, na Supa Modo ya Likarion Wainaina, ile ya mtoto mgonjwa anaetaka kuwa supahiro wa kuruka, ambayo kama haijakuliza basi una moyo wa tofali.

Sasa swali la kwa kinyozi, je hizo ni muvi za Wajerumani? Tumia zile kofia. Mwandishi Mkenya. Dairekta Mkenya. Waigizaji, lugha, mtaa, matusi, vyote vya pale. Kofia ya produza na hela kubwa ndo ina Ujerumani ndani yake. Mimi kwa maoni yangu pilau ni la mpishi, naziita muvi za Kenya bila kusita, na baadhi yake Kenya yenyewe ndo ilizipeleka Oscar kwa jina lake. Ila yule jamaa wa pili aliesema "mzungu ndo mwenye hela" naye usimpuuze, maana kadi ya gari kuwa na jina la nani nimeshasema ina uzito, na Wakenya wenyewe wanalijadili hilo mpaka leo. Kilichobaki Nairobi ni mafundi. Mtu aliejifunza kushika sauti kwenye darasa lile kesho anaitwa kwenye kazi nyingine isiyo na Mjerumani hata mmoja, na huo ujuzi hakuna mkataba unaoudai.

Tykwer mwenyewe kaendelea kurudi. Kama uliangalia Sense8 ya Netflix iliyoanza 2015, unakumbuka dereva wa matatu Capheus na gari yake iliyochorwa Van Damme? Vipande vya Nairobi kaongoza yeye. Februari 2025 filamu yake Das Licht ndo ilifungua tamasha la Berlin, familia ya Wajerumani iliyochoka kuishi pamoja, mfanyakazi wa ndani kutoka Syria, na mama wa ile nyumba ana mradi anausimamia Kenya. Kaandika yeye, kaongoza yeye, muziki yeye na Klimek, kampuni ni ileile waliyochangishana 1994.

Nilipofika hapo kinyozi alikuwa ameshawasha mashine, jamaa wa kwenye kiti kabakiza upande wa sikio la kulia. Dogo wa hedifoni akaniuliza hiyo ya 2025 naipata wapi. Nikamwambia ukiipata nirushie, hata mimi bado naitafuta.